Shamba Nililopewa na Mtani

Siku mliponiaga ofisini mlinipa saa kubwa ya ukutani, zawadi ya ajabu kidogo kwa mtu ambaye hana tena pa kuwahi. Halafu mkaniomba niwaandikie machache juu ya kazi yetu ya uthamini, hasa zile kesi za fidia, kwa kuwa, mlisema, nimepanda kizimbani mara nyingi kuliko wezi wengi wa Korogwe. Nimekubali, mradi tuelewane. Vyeo sitavitaja, maana havikuwa vingi kiasi cha kujaza ukurasa. Mshahara nao nitausitiri kama wenyewe ulivyonisitiri, yaani kwa shida. Nitawaandikia yale ambayo hayamo kwenye sheria wala kwenye hivyo vishikwambi vyenu.

Nilizaliwa Ngombezi, kwenye kambi ya wakata mkonge. Babu yangu alikuwa Mnyamwezi aliyeletwa kama manamba, akawaahidi wa kwao kwamba atarudi Tabora mkataba ukiisha. Kaburi lake liko Ngombezi. Kwa hiyo mimi Mihayo ni Mnyamwezi ambaye sijawahi kuiona Tabora, ninayejua Kizigua cha kuombea maji na Kinyamwezi cha kutukania tu. Kitu pekee cha Kinyamwezi nilichokirithi kikiwa kizima ni watani, na hao, kama mtakavyoona, nusura waniharibie kazi.

Siku yangu ya kwanza nilivaa suruali nyeupe. Nilidhani mthamini ni mtu wa mezani. Barabara moja mjini Korogwe ilikuwa ikipanuliwa, nasi tulitakiwa kuandika kila kitu ambacho mwenye nyumba angepoteza: kuta, bati, miti, choo, hata kaburi. Choo huthaminiwa pamoja na kina chake, na hakuna aliyeniambia kwamba kina hicho unaweza kumuuliza tu aliyekichimba. Niliinama tunduni na futi ya utepe ya ofisi, mpya kabisa, ikaniponyoka. Sote tulisikia ilipofika chini. Mama mwenye nyumba alikuwa amesimama nyuma yangu, mikono kiunoni.

"Na hiyo uiandike," alisema. "Iko kwangu sasa."

Aliyenifundisha kazi alikuwa Mzee Mshana, Msambaa wa Lutindi, mrefu na mkimya, mwenye koti la mifuko mingi. Siku ile hakunicheka mbele ya watu. Alisubiri tufike ofisini, akafunga mlango, ndipo akacheka mpaka akakaa chini.

Kanuni yake kubwa ilikuwa kukaa. "Mtu unayemwondolea nyumba usimsalimie ukiwa umesimama," alikuwa akiniambia. Basi tulikaa. Tulikaa juu ya vinu, juu ya magogo, juu ya ndoo zilizopinduliwa, tukaulizia mvua, wagonjwa na wajukuu, ndipo Mzee Mshana akatoa kalamu kwenye mfuko mmojawapo na kusema, "Haya, tuonyeshe mali yako." Mwanzoni niliona tunapoteza muda. Baadaye nilitambua kwamba mtu uliyekaa naye atakuonyesha mpaka wake wa kweli, na yule uliyemjia juu juu atakuonyesha mpaka wa jirani.

Alinifundisha pia kupanga miti kwa umri: mche, unaokua, unaozaa, uliozeeka. Kila kundi lina bei yake kwenye jedwali, na mti uliozeeka bei yake hushuka. "Na wathamini ni hivyo hivyo," alisema. Nilicheka sana, nikiwa mche. Sasa sicheki.

Kuna mzee mmoja wa Handeni aliyesikia tunakuja, akapanda michungwa mipya shamba zima. Nilifurahi kuona mkulima mwenye bidii, nikaiandika yote. Mzee Mshana alinifuata nyuma, akauvuta mchungwa mmoja kwa vidole viwili, ukatoka bila mzizi. Lilikuwa tawi lililokatwa tu na kuchomekwa. Akanikabidhi, nikatembea nalo mkononi shamba zima nikifuta nilichoandika, mwenye shamba akituangalia kwa masikitiko kana kwamba sisi ndio tuliomkosea.

Mahakamani nako nilianza kwa mbwembwe. Kesi yangu ya kwanza ilikuwa ya bwana mmoja aliyedai fidia yake imepunjwa, nami nikaitwa kuieleza. Nilinunua suti ya mtumba sokoni, kubwa kidogo mabegani. Wakili akaniuliza mchungwa huzaa kwa muda gani. Nikamweleza. Nikaeleza na udongo, na mbolea, na ugonjwa wa majani, na tofauti ya michungwa ya Muheza na ya kwetu. Hakimu akaweka kalamu chini, akaniuliza kama nimekuja kutoa ushahidi au kufungua kitalu.

"Ukiulizwa jina, taja jina," Mzee Mshana alinionya tukiwa njiani kurudi. "Usitaje na ukoo." Nimeirudia nasaha hiyo kwa kila kijana aliyepita mikononi mwangu. Mimi mwenyewe sikuifuata hata mara moja, na ushahidi ni kesi ya Bibi Zaina, ambayo ndiyo hasa mliyotaka niiandike.

Wakati huo Mzee Mshana alikwisha kustaafu na kurudi mlimani kwao, nami nilikuwa nimeanza kuitwa mzee na watu wasionidai. Kampuni moja, ambayo nitaiacha bila jina, ilikuwa ikitwaa ardhi ya kupitishia mradi wake katika vijiji kadhaa vya Handeni. Nilipangiwa kwenda nao kama mthamini wa serikali. Tulikuwa na mwenyekiti wa kitongoji na afisa ardhi wa kampuni, kijana mtaratibu aitwaye Erasto, aliyeandika kila kitu alichokisikia kwa mwandiko mzuri.

Bibi Zaina alikuwa mjane wa Kizigua mwenye shamba la michungwa na muhogo, na nyumba ya udongo ya bati. Nilimwamkia shikamoo, nikakaa kwenye kinu kama nilivyofunzwa. Akaniuliza jina.

"Mihayo, bibi."

"Mihayo?" Aliniangalia toka kichwani hadi viatuni. "Mnyamwezi?"

"Mnyamwezi wa Ngombezi."

Bibi alisimama, akaitoa kanga begani akajifunga kiunoni. "Mwe! Mpagazi kaja! Na mizigo ya watu umeitupa wapi?"

Ninyi wa siku hizi mnautumia utani kwa kutaniana kwenye simu tu, kwa hiyo nieleze. Wazigua na Wanyamwezi ni watani tangu enzi za misafara, Wanyamwezi walipopita huku na mizigo vichwani kwenda pwani, na Wazigua, husemwa, wakati wa njaa waliuzana kwa nafaka. Mtani anaweza kukutukana mbele ya wakwe zako, akachukua kuku wako, na kukasirika huruhusiwi. Ukifiwa, ndiye anayechota maji na kupasua kuni, na ndiye anayefanya vituko mpaka waliofiwa wacheke. Na ukianzwa, lazima ujibu. Kunyamaza ni kumkataa aliyekuanza.

Nikajibu. "Mzigo nimeufuata hapa hapa. Babu yangu alikununua kwa pishi ya mtama, wewe na shamba lako. Nimekuja kuchukua mali yangu."

"Chukua!" alisema. "Nilikuwa nakulindia tu. Nimechoka kupalilia shamba la mvivu."

Tulizunguka shamba tukihesabu miti na kutukanana, mwenyekiti wa kitongoji akicheka mpaka akakosa hesabu yake. Kisha ikafika zamu ya picha. Mnajua utaratibu: mwenye mali anasimama mbele ya nyumba yake, ameshika kibao chenye namba ya kiwanja. Bibi Zaina alikipokea kile kibao, akakitia mikononi mwangu.

"Mwenye shamba asimame!" alisema. "Mtumwa apige makofi!"

Nami, punda mzima mwenye vyeti, nilisimama. Nilikishika kibao kifuani, meno yote nje, na Bibi pembeni yangu akipiga makofi. Erasto akapiga picha. Baadaye tulipiga nyingine, ya kweli, Bibi peke yake na kibao chake, amekaza uso kama inavyotakiwa. Lakini ile ya kwanza haikufutwa.

"Bibi, shamba ni la nani?" Erasto aliuliza mwishoni, maana ndivyo alivyoagizwa kumuuliza kila mtu.

"La huyu mpagazi. Mlipeni yeye."

Erasto akaandika. Tukacheka tena, tukapewa muhogo wa kuchemsha, tukaondoka. Nilijiona mthamini hodari anayeelewana na wananchi.

Wenye mashamba wengine walilipwa. Bibi Zaina hakulipwa. Mwaka ukapita, ukaja mwingine. Ninyi mnaijua adha ya kukaa katikati: ukishathaminiwa huruhusiwi kupanda mti wala kukarabati nyumba, maana kila utakachoongeza kitaonekana umekiongeza ili ulipwe zaidi. Sheria inataka fidia ilipwe mapema, na ikichelewa iongezwe riba, lakini bati lililotoboka halisomi sheria. Mvua ilimnyeshea Bibi Zaina ndani. Ukuta wa nyuma ukalainika, ukaanguka siku moja akiwa kisimani. Mtoto wake wa pekee, Mhina, fundi uashi, alimfuata akamchukua mpaka Masuguru mjini, alikokuwa amepanga chumba kimoja.

Huyo Mhina ndiye aliyekuja ofisini kwangu. Alivua kofia, akasema bila ukali, ambao ningeustahimili zaidi: "Mzee Mihayo, kampuni wanasema hawawezi kumlipa mama kwa sababu shamba lina mgogoro. Wanasema wewe ndiye unayelidai."

Nilidhani ananitania. Kisha akaeleza kwamba wakubwa wa Erasto huko Dar es Salaam walisoma aliyoyaandika, wakaiona na picha, wakalitenga shamba pamoja na yale yenye wadai wawili.  Siku hiyo hiyo niliandika kwamba sina hata jani la muhogo kwenye ardhi ile. Kampuni ikajibu kwa adabu: imepokea kauli yangu, sasa inahitaji na kauli ya Bibi Zaina, akiri kwamba alichosema siku ile si kweli na kwamba hana uhusiano wowote nami, aweke dole gumba, basi. Nikaona jambo limekwisha. Nikachukua wino na karatasi, nikaenda Masuguru.

Nilimkuta amekaa kwenye korido ya nyumba ya kupanga, kwenye kigoda, kati ya jiko la mkaa la mpangaji huyu na ndoo za mpangaji yule. Alikuwa amepungua. Mdomo haukupungua.

"Mwenye shamba! Umekuja kunidai kodi?"

Nikamweleza. Nikamsomea. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akaificha mikono yote miwili ndani ya kanga.

"Siweki."

"Bibi, ni sentensi moja tu. Sema tulikuwa tunataniana."

"Hii haisemi tulikuwa tunataniana. Inasema nilisema uongo, na kwamba wewe si kitu kwangu." Alikuwa hasomi, lakini alikuwa amenisikia nikisoma. "Nikukane mbele ya serikali? Mtani akikanwa amekwisha. Nikifa nani atafanya fujo msibani kwangu? Nizikwe kimya kimya kama mwizi?"

"Lakini fidia yako, bibi."

"Fidia naitaka. We unadhani siitaki?" Sauti yake ilishuka, akaangalia ile korido. "Mihayo, mimi ni mtu mzima. Humu nikifa, maiti yangu itapitishwa katikati ya masufuria ya watu, na mwenye nyumba atahesabu siku ili matanga yaishe. Nataka nyumba. Ya chumba kimoja, viwili. Nitoke kwa mlango wangu. Basi. Sina lingine ninalolitaka duniani."

Niliikunja karatasi.  Niliona aibu, na niliona uchungu, na zaidi nilijiona mjinga mwenye meno yote nje. Mhina alinisindikiza hadi barabarani. Tulikubaliana afungue shauri kwa jina la mama yake kwenye baraza la ardhi la wilaya, mimi niwe shahidi wake.

Habari ilienea ofisini. Ninyi wengine mlikuwa hamjaajiriwa, lakini lile jina la Mwenye Shamba mlilonikuta nalo ndipo lilipoanzia. Dereva alikuwa akiniuliza kila asubuhi kama mvua imenyesha shambani kwangu.

Siku ya shauri nilivaa suti ile ile, ambayo sasa ilinibana tumboni. Mwenyekiti wa baraza alikuwa mama mtulivu mwenye miwani, na pembeni yake wazee wawili wa baraza, mmoja wao Mzigua, maana alipolisikia jina langu alijikohoza ili asicheke. Kampuni iliwakilishwa na wakili kijana aitwaye Mayunga, nadhifu, mwenye tai. Hakubishania kiasi cha fidia. Alisema tu kwamba kampuni iko tayari kulipa hata kesho, ila haijui imlipe nani. Kisha akaitoa ile picha. Walikuwa wameikuza, ukubwa wa kalenda.

"Shahidi, huyu ni nani?"

"Ni mimi."

"Umeshika nini?"

"Kibao cha namba."

"Kibao hushikwa na nani?"

"Na mwenye mali."

"Na ulisema shamba hili ni lako?"

"Nilisema."

"Ulikuwa umelewa?"

"Hapana."

"Kwa hiyo ulisema kweli, au ulisema uongo ukiwa kazini?"

Hapo ndipo mtu mwenye akili angejibu kwa neno moja. Mimi nilivuta pumzi, nikaanza na misafara. Nikaeleza mizigo, nikaeleza pembe, nikaeleza njia ya kutoka bara, nikaeleza njaa na pishi ya mtama. Nilikuwa nakaribia kufika pwani mwenyekiti aliponikatiza.

"Shahidi, misafara imeshafika. Jibu swali."

"Ulikuwa ni utani, mheshimiwa."

"Utani," alisema Wakili Mayunga kwa upole. Alijua vizuri utani ni nini, nilimwona machoni, lakini wakili halipwi kwa kujua. "Na je, kuna kauli yoyote ya mdai mwenyewe kukanusha?"

Haikuwepo. Nilishuka kizimbani nikiwa nimelowa jasho, na nikajua nimeliacha shauri pabaya kuliko nilivyolikuta. Mhina aliangalia sakafu.

Kisha akaitwa Bibi Zaina. Aliapa kusema kweli, akakataa kiti.

"Bibi," wakili alianza kwa heshima, "siku ya uthamini ulisema shamba ni la huyu bwana?"

"Nilisema."

"Na leo unasemaje?"

"Nasema hivyo hivyo. La huyu mpagazi."

Mhina alijifunika uso. Mimi niliangalia mlango, nikawaza kama nikitoka itasaidia. Wakili aliinamisha kichwa, akageuka kwenda kukaa, kazi yake imekwisha. Ndipo Bibi akamwita.

"Na wewe baba, kwenu wapi?"

"Bibi, shahidi haulizi maswali," mwenyekiti alisema.

Lakini kijana yule alikuwa amelelewa vizuri. Aliulizwa na mtu mzima, akajibu kabla hajafikiri. "Sikonge, bibi."

"Sikonge ya Tabora? Mnyamwezi?"

"Ndiyo, bibi."

"Mwe!" Bibi aliishusha kanga begani, akajifunga kiunoni. "Kumbe wako wawili! Mama mwenyekiti, andika. Shamba ni la hawa wapagazi wote. Huyu mwenye tumbo nusu, na huyu mwenye tai nusu. Tai aivue aifungie mizigo, kesho nimkute shambani na jembe. Mimi mtumwa wao nimechoka!"

Baraza zima liliangua kicheko. Mzee Mzigua alilaza kichwa mezani. Wakili Mayunga naye alicheka, alicheka kwa moyo, kicheko cha mtu aliyekumbushwa kwao, akainua mikono kujitetea.

"Bibi, huo ni utani tu jamani!"

Mwenyekiti hakucheka. Alivua miwani, akaifuta, akaivaa tena.

"Wakili, hebu rudia."

Mwenyekiti akaandika mstari mmoja.

"Nusu uliyopewa wewe sasa hivi umesema ni utani. Nimeandika. Nusu ya huyu shahidi tuiiteje?"

 Wakili alimwangalia Bibi, akaiangalia ile picha yangu kubwa, akaigeuza uso chini mezani. "Mheshimiwa," alisema, "sina swali jingine."

Baraza liliamuru Bibi Zaina alipwe fidia yake pamoja na riba. Kampuni ilitaja rufaa, ikatafakari, ikalipa. Mimi nilimuuliza Bibi pale nje kama alikuwa amelipanga lile jambo. Aliniangalia kwa huruma. "Ningepanga nini? Kanijia mtani, nimemsalimia." Miaka yote ile nimefundisha watu kutoa ushahidi, na aliyeshinda ni yule ambaye hakukubali kubadilisha hata neno.

Hakupata shamba lake tena, hilo muwe mnalikumbuka mnapojumlisha. Fidia hairudishi mchungwa. Lakini alibakiwa na kipande upande wa pili wa njia, karibu na alipozikwa mumewe, na Mhina akamjengea hapo nyumba ya vyumba viwili. Alihamia kabla hata lipu haijakauka. Nilikwenda kumtembelea wiki chache kabla sijastaafu.

"Mwenye shamba, umekuja na jembe?"

"Nimekuja kukagua nyumba yangu."

Akanionyesha. Mlango wa mbele ulikuwa wa mninga, mzito, umepigwa msasa mpaka unateleza. Mhina alinong'ona kwamba umekula hela nyingi kuliko bati, lakini mama aligoma, hakutaka mwingine. Bibi aliufungua, akaufunga, akaufungua tena, akinitazama nione. Kisha akanikaribisha muhogo, akanitukana mpaka jua likaanza kushuka.

Simu ya Mhina nilipigiwa nikiwa nimekaa nyumbani, mstaafu, naiangalia saa yenu. Nilipanda bodaboda mpaka Handeni. Nilipofika walikuwa wameshamwosha Bibi na kumsalia, na watu wamejaa uwanjani kwake, wanawake ndani wanalia. Nilichota maji, maana ndiyo kazi yangu. Nilipasua kuni, vibaya, mpaka kijana mmoja akanipokonya shoka. Wanaume walipoingia kulibeba jeneza niliacha kila kitu, nikakimbia kwa jinsi magoti yangu yanavyoruhusu, nikasimama katikati ya ule mlango wa mninga, nikashika fremu huku na huku.

"Hatoki mtu!" nilisema. "Huyu ni mtumwa wangu, na nyumba yangu, na shamba langu. Nilipwe fidia kwanza. Na riba!"

Wanawake waliokuwa wakilia walianza kucheka wakiwa na machozi yao. Shehe alinung'unika kwamba jamani maiti hacheleweshwi, lakini naye alikuwa Mzigua, akageuka pembeni kujipangusa uso. Nilimtukana Bibi Zaina kila tusi alilopata kunitukana mimi. Nilimwita mvivu, mlinzi mwizi, nikasema anakimbia kupalilia. Mhina aliweka ncha ya jeneza begani mwa mwenzake, akapapasa mfukoni, akanitia mkononi sarafu moja. Nikaipokea, nikaikagua pande zote mbili, nikaitia mfukoni. Watu wakapiga makofi.

Nikabaki nimeishika fremu.

"Mtani," Mhina alisema taratibu, "umeshalipwa. Tupishe."

Nikawapisha.